Kadi za Bi Aneth

Siku Masudi alipomwona Bi Aneth kwa mara ya kwanza, mama huyo alikuwa ameinamia kompyuta, pua ikikaribia kugusa kioo, akitafuta herufi asizoziona. Ilikuwa mwaka 2002, nyumbani kwake Ihumwa. Masudi alikuwa tarishi kwenye shirika la umma hadi lilipouzwa naye akapunguzwa kazini. Alikuwa ameishia darasa la saba, na aliona haya hata kuomba maji.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Unaweza kusoma mwandiko mbaya?"

"Nimesoma wa mabosi miaka kumi na tisa."

"Basi kazi umepata."

Bi Aneth, afisa kilimo mstaafu, alikuwa na makasha manne ya kadi za utafiti wa mbegu za mtama, na vitabu kadhaa kwenye diski. Alitaka vyote vipangwe ndani ya programu moja, aandike kitabu chake kabla macho hayajazimika. Daktari alikuwa ameyapa mwaka mmoja.

Masudi alisoma kadi kwa sauti, akachapa kwa kidole kimoja. Umeme ukikatika, alianza upya. Kila kadi ilidai lebo ya kuitafutia. Hakuthubutu kuuliza lebo ni kitu gani. Aliandika tu lile mama alilolisema kadi iliposomwa. "Aa, huyo ni yule mzee wa Haneti aliyekataa kupigwa picha!" Ikawa lebo, kama ilivyokuwa "mchoyo wa Kibakwe".

Kadi zilipofika mia tisa, akaja Loisi, mtumishi wa ofisi moja mjini, aliyewawekea programu ile. Akatafuta "ukame". Hakuna. "Ndege waharibifu". Hakuna. Akafungua orodha ya lebo, akaangua kicheko.

"Mzee Masudi, hii ni kompyuta au kijiwe cha umbea? Zote zirudiwe!"

Masudi alitazama kidole chake. Kilikuwa na sugu. Miezi mitano ilikuwa imekwenda, na mama sasa alikuwa akipapasa ukuta kwenda jikoni.

"Loisi, mwanangu, hebu ngoja," Bi Aneth alisema. "Masudi, nipe yule aliyekataa picha."

Kidole kikagonga. Kadi ikafunguka: mtama mwekundu ambao ndege hawaugusi.

"Mimi nawakumbuka watu," mama alisema. "Hayo mambo mengine wanayo wao."

Hawakurudia. Macho yalizimika Novemba, sura mbili za kitabu zikiwa bado. Waliendelea hivyo hivyo, mama akitaja watu, Masudi akiwatafuta, wote wawili wamechoka hata chai inapoa mezani. Kisha kifua kikambana mama.

Jioni moja Masudi alizima kompyuta, akaaga. Bi Aneth akamwita kutoka kitandani. Asubuhi hakumkuta hai. Maneno ya mwisho aliyomwambia yakabaki haya:

"Kesho tuanze na yule mama wa Kibakwe aliyetunyima vigoda. Ile lebo ibadilishe, Masudi. Hakuwa mchoyo. Alikuwa amechoka tu."