Mama Yangu Kwa Habari za Saa Saba

Ejok, wapendwa? Natumaini Mungu amewaamsha wazima.

Leo nimemwona mama yangu kwa tivii. Tulimzika nikiwa darasa la nne.

Nilikuwa nakunywa chai kwa hoteli ya Mama Halima, hapa Lodwar. Habari ilikuwa ya ukame wa wiki hii, kumbe wameweka filamu ya zamani.

Mama yuko kwa foleni ya mahindi ya msaada Kakuma, na mimi mgongoni. Nilimjua kwa sikio lililochanika.

Mama Halima akacheka: "Dada, huyo mnafanana! Si umpigie, umwambie yuko kwa tivii!"

Nilisogea karibu na tivii.

Mama aligeuka, akasema kitu. Iliyosikika ni sauti ya mtangazaji tu.

Anayemjua mtu wa kituo cha tivii kilichoonyesha habari hiyo amwombe wasiifute filamu hiyo. Sina picha nyingine yake. Nijibuni leo, tafadhali.