Kaunta ilitupwa uani, wateja wakaifuata

Saa moja na dakika kumi asubuhi, Jumamosi, Mama Nati anaifuta kaunta kwa kitambaa chenye mafuta ya taa. Hilo si jipya. Amelifanya kila siku ya kazi kwa miaka kumi na tisa. Jipya ni kwamba wiki hii kaunta iko uani, nyuma ya duka, katikati ya mabomba ya plastiki na lundo la mchanga.

"Fundi seremala anakuja kuichukua saa nne," anasema bila kuinua uso. "Mpaka saa nne mimi niko hapa. Baada ya hapo, nitakaa mlangoni nipokee pesa kama sanamu."

Aliyeamua hivyo ni shemeji yake, mdogo wa marehemu mume wake, ambaye ndiye mwenye duka hili la vifaa vya ujenzi. Miezi mitatu iliyopita lilifunguliwa duka kubwa kwenye barabara kuu, lenye vikapu vya magurudumu na taa mpaka chooni. Mauzo ya shemeji yakashuka kwa theluthi nzima. Jumatatu akaitoa kaunta nje, akajaza rafu za chuma, akafunga kila kitu kwenye pakiti. Mteja aingie, ajichagulie, alipe, aende.

"Watu siku hizi hawataki maneno," shemeji ananieleza huku akinyoosha pakiti ambazo zimenyooka tayari. Hana ubaya hata chembe. Ana hofu, na hofu yake ina sababu.

Kaunta yenyewe ni ya mbao nzito, iliyogeuka nyeusi kwa mafuta ya viganja vya watu. Ukingoni ina matundu kumi na mawili, dogo mpaka kubwa, yaliyotobolewa na baba mkwe wa Mama Nati. Unaleta bolti usiyoijua ukubwa, unaichomeka tundu hadi tundu, na pale inapokaa sawasawa, namba iliyochongwa kando ya tundu ndiyo yake. Mtaa mzima umeshachomeka vyuma vyake humo.

Kitu kingine kilichohamia uani pamoja na kaunta ni swali. Mama Nati hamuulizi mtu anataka nini. Anauliza, "Nini kimekusumbua?"

Saa mbili kamili anaingia mwalimu mstaafu, mzee wa miaka sabini na mmoja, fulana imechomekwa vizuri. Anazipita rafu mpya bila kuzitupia jicho, anamsalimia shemeji, anatokea mlango wa nyuma.

"Kumbe mmehamia huku?"

"Kwa saa mbili tu, mwalimu. Nini kimekusumbua?"

"Koki ya bafuni. Inafanya hivi: tii, tii, tii, halafu inakoroma. Krrrr!"

Mzee mzima anakoroma mchana kweupe mbele ya mwandishi wa habari, wala haoni haya. Mama Nati amefumba macho, anasikiliza.

"Ukifungua ya jikoni, hii inanyamaza?"

"Inanyamaza kabisa."

"Basi koki yako nzima. Mpira wa ndani ndio umekwisha. Nusu inchi, mmoja. Usinunue koki mpya."

"Nimeshanunua," anasema mwalimu, na kutoa pakiti kwenye mfuko wa karatasi. "Jumatano, hapo kwenye rafu. Imegoma kuingia."

"Hii ni ya robo tatu, mwalimu! Hii ungeifunga kwenye tangi la shule!"

Watu wawili waliokuwa nyuma yake wanavunjika mbavu. Mama Nati anageukia mlango na kupaza sauti: "Shemeji! Mpira wa nusu, mmoja!"

"Pakiti ni kumi!" sauti inajibu kutoka ndani.

"Mwalimu ana koki moja!"

Kisha inasikika plastiki ikichanwa.

Hapo ndipo patashika ilipoanza. Kufikia saa tatu uani hapana pa kutema mate. Nimehesabu watu ishirini na sita, kila mmoja na mgonjwa wake mkononi: mpini bila shoka, bawaba iliyopinda, kitasa kilichong'olewa na skrubu zake zikiwa zimefungwa kwenye leso. Mama mmoja amekuja na mlango mzima wa kabati. Ndani, kwenye rafu zinazong'aa, hakuna hata nzi.

Shemeji amekuwa mkimbiaji. "Skrubu mbili fupi!" anaitiwa. "Bawaba ya kushoto, moja!" Anakwenda, anachana pakiti kwa meno, anarudi, jasho linamtiririka mpaka kwenye nyusi. Kila akitoka anaikuta foleni imerefuka.

Msichana anayepanga chumba nyuma ya kiwanda cha mikate amekuja na kitasa ambacho, kwa maneno yake, "kinanidharau." Ananieleza kwamba alianzia duka kubwa. "Kule nimezunguka saa nzima nasukuma kikapu kitupu. Nikamuuliza kijana mmoja, akaniambia soma kwenye pakiti. Sasa dada, kama ningejua kinaitwaje ningeuliza?"

Mama Nati anakipiga kitasa kofi dogo, anakitikisa sikioni, anadondosha tone la mafuta. Kitasa kinafunguka. Msichana anapiga kigelegele. Bei ya dawa: bure.

Hapa ndipo shemeji anapoumwa, na haoni sababu ya kuficha. "Unaona? Angeuza kitasa. Ametoa tone la mafuta."

Nilimuuliza Mama Nati kuhusu hilo. Alinitazama kama mtu aliyeulizwa kwa nini anavaa viatu miguuni. "Nikimuuzia kitasa leo, namwona leo. Nikimwambia ukweli, namwona mpaka anajenga nyumba yake."

Ujuzi huu hakuusomea popote. Mume wake alikuwa fundi bomba. Alipofariki kwa kuanguka kutoka juu ya tangi la maji, Mama Nati alikuwa na miaka ishirini na minane na mabinti wawili. Akabeba mkoba wa spana za marehemu mpaka dukani kwa baba mkwe, auze. Baba mkwe alikuwa ameingia stoo. Mteja akaingia na kipande cha koki iliyokatika, na mjane huyu akamwambia ukubwa wake kabla mzee hajatoka.

"Baba mkwe akaniuliza, mwanangu, umejuaje? Nikamwambia, nimefua suruali za mwanao miaka sita. Kila mfuko una nati, una mpira, una kipande cha tepu. Nilikuwa navitoa nikivipanga dirishani, kidogo mpaka kikubwa, ili avipate asubuhi." Anacheka, kisha anafuta jicho kwa mgongo wa mkono, kisha anacheka tena. "Spana sikuuza. Nilianza kazi siku ile ile."

Mshahara wake wa mwezi leo hununua mifuko kumi na minne ya saruji, na kwa huo amesomesha. Binti mkubwa ni muuguzi, na humtania: "Mama, kazi yetu ni moja, ila wagonjwa wako hawapigi kelele." Mama Nati hukataa. Wa kwake, anasema, ndio wanaopiga kelele hasa.

Saa nne kasoro dakika tano, mlio mkali unasikika kutoka barabarani, kwii, kwii, kwii. Mama Nati anageuza sikio upande huo. Mkono wake umebaki juu ya mbao. Fundi seremala amefika na mkokoteni.

Anajaribu kupita, anarudishwa na viwiko. "Foleni, fundi!" wanamwambia. Anaeleza kwamba yeye hakuja kununua, amekuja kuchukua kaunta akatengenezee vitanda. Nakiri kwamba na mimi nilitamani kumzuia, ingawa nilikuja kuandika tu.

"Ipo," anasema Mama Nati, sauti yake tulivu. "Lakini mkokoteni wako hautafika nayo. Gurudumu la kulia, bolti imelika. Nimeisikia toka kona."

"Umekuwa ukilia tangu Jumanne," fundi anakubali.

"Ilete."

Fundi anaifungua bolti. Mama Nati hagusi. Anamwonyesha tu ukingo wa kaunta. Fundi anachomeka tundu la kwanza, la pili, la tano, na la sita bolti inakaa kimya kabisa. Anaichomoa, anaichomeka tena. Kisha anapitisha kidole kwenye matundu yote kumi na mawili, polepole, kama anayesoma.

"Namba kumi na nne," anasema, kwa mshangao.

"Shemeji!" anaita Mama Nati. "Bolti ya kumi na nne, moja!"

Shemeji anatoka nayo mkononi, shati limemganda mgongoni. Fundi anamtazama. "Bosi, nimeziona mbao nyingi. Hii siwezi kuipasua. Mpe mwingine."

Hakuna aliyejitolea kuwa mwingine. Shemeji akatazama foleni, akatazama rafu zake kupitia mlangoni, akatazama vipande vya plastiki vilivyomnata vidoleni. Wiki hiyo pakiti arobaini na moja zilikuwa zimerudishwa kwa kununuliwa kimakosa. Aliniambia baadaye kwamba ndizo zilizomjia kichwani.

"Shemeji," akasema, "mimi miguu imekwisha. Rudi ndani."

Kelele zilizofuata zilimtoa mwokaji kiwandani kwake, mikono imejaa unga. Wanaume wanane wakainyanyua kaunta, mwalimu mstaafu akitoa amri ambazo hakuna aliyezifuata. Ikakwama mlangoni. Rafu ya katikati ilikuwa njiani, ndefu na imara. Basi ikatolewa hiyo, ikafungwa kamba kwenye mkokoteni, na fundi akaondoka nayo, gurudumu kimya.

Rafu za ukutani zimebaki. Mama Nati mwenyewe amezitetea: misumari na brashi mtu ajichukulie, hazina siri. Ila kaunta imerudi pale pale, kwenye alama zake nne sakafuni.

Sasa ana mpango. Kila Jumamosi, saa nane mchana, anataka kuwafundisha majirani kubadilisha mpira wa koki kwa mikono yao, hapo hapo kauntani, na mkoba wa spana za mumewe utafunguliwa tena. Msichana wa kitasa amejiandikisha wa kwanza.

"Wote wakijua, sisi tutakula nini?" shemeji anauliza, ingawa anacheka.

"Vitu vitaharibika tu, shemeji. Hilo niachie mimi."

Kabla ya kuaga nikaona nisiondoke hivi hivi. Nikamweleza kuhusu tangi la choo nyumbani kwangu, na ndiyo, msomaji, nililiigiza. Alisikiliza akiwa amefumba macho, akaniwekea mpira mmoja mdogo kiganjani.

"Utie mfukoni," aliniambia. "Na anayekufulia mwambie asiutupe."