Mama Asiyejua Kusoma

Wakati ule nilikuwa nafundisha kisomo cha watu wazima Mlola. Akina mama walitoka shambani saa tisa alasiri wakaja darasani moja kwa moja, udongo bado uko miguuni. Gari la watu wa sinema lilipofika, nilidhani watanipiga picha nikiwa ubaoni. Kumbe walikuja na mwalimu wao kutoka Dar es Salaam, mwigizaji. Walichokosa ni mama asiyejua kusoma. Walimjaribu mwanafunzi wangu mmoja, lakini kila kamera ilipomwelekea alijifunika uso kwa khanga na kucheka.

"Ndugu Mwalimu," mwongozaji akaniambia, "tusaidie wewe. Unajua wanavyokuwa."

Nikavua viatu. Kazi yangu ilikuwa kupanda kutoka bondeni na mzigo wa kuni, nisimame mlangoni, nishangae ubao, kisha niseme: "Na mimi nataka kusoma." Nilipanda mara saba. Mara ukungu umeshuka, mara mbuzi wamekatiza, mara nimekwenda haraka mno.

"Mama wa kijijini hatembei hivyo," alisema. Ananiambia mimi, niliyezaliwa kwenye mteremko uleule!

Safari ya saba sikuigiza kitu. Nilikuwa nimechoka tu. Hiyo ndiyo aliyoipenda.

Miezi ikapita, gari likarudi kutuonyesha. Walitundika shuka jeupe uwanja wa mpira, jua lilipozama tukakaa kwenye nyasi na baridi yetu. Mama yangu alikuwa kando yangu, amejifunika blanketi. Nikajiona napanda, mabega yameinama, mkono mmoja kiunoni. Sikuwahi kujua kuwa natembea hivyo. Halafu nikafungua mdomo, na ikatoka sauti ya mwanamke mwingine, Kiswahili laini cha pwani. Uwanja mzima ukacheka.

Mama akaniuliza kwa Kishambaa, "Anayesema ni nani?"

"Simjui, mama."

"Na anayetembea?"

"Mimi."

Akatazama tena. "Hapana," akasema taratibu. "Huyo ni mimi."



Baada ya hapo, kila nilikokwenda walinijua. Sokoni Lushoto mwuza kabichi alinipa pole, akanitia moyo nisiache masomo. Mwanzoni nilieleza kwamba mimi ndiye mwalimu. Watu walitabasamu, wakaitikia kama unavyomwitikia mtu anayejitetea. Mwishowe nikawa nashukuru tu na kupita.

Nilipohamishiwa Bumbuli nilifurahi. Huko, nilidhani, sinema haijafika. Siku ya kwanza niliingia darasani nimelowa mvua, vitabu nimevificha ndani ya koti. Bibi mmoja alikuwa ameketi benchi la nyuma.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Nilikuona kwenye sinema." Akasogea kunipa nafasi. "Kaa hapa upumzike. Mwalimu hajafika."

Nikakaa. Bega lake lilikuwa na joto, nami nilikuwa nimetembea tangu asubuhi. Zilipita dakika kadhaa kabla sijainuka kwenda ubaoni.