Faili Alilolileta Ombati

Sisi tuliokulia Nyamache tunajua mvua ya kwanza ilivyotutoa nyumbani. Tulikimbilia vichuguu, miguu imejaa matope, kila mtu na jani la mgomba la kubebea uyoga. Tukirudi, hakuna aliyepita moja kwa moja jikoni. Mama alikaa mlangoni: "Umetoa wapi? Nani alikuwa na wewe?" Alisugua shina kwa kidole akitafuta udongo wa mchwa, maana wa kichuguu ndio tuliouamini. Ndipo ukapikwa kwa maziwa, tukala na ugali wa wimbi. Harufu ile bado iko puani mwangu.

Siku moja Mama akiwa anachuna majani chai, binamu yangu Ombati alileta uyoga wa chini ya mikaratusi. Akasema ni wa kichuguu, tena nyanya ndiye amemtuma. Jina la nyanya lilitutosha. Tukapika, tukala, tukaugua. Mimi nilipona, mdogo wangu Mokua hakupona. Namtaja Ombati kwa jina. Alikuwa mtoto, najua. Sasa ana mvi, na hajaniomba msamaha hata siku moja.

Mwezi uliopita alikuja dukani kwangu Keumbu, ninapochapa wasifu wa marehemu. Shule niliishia darasa la sita, lakini kompyuta yangu naijua. Ina picha za mazishi za watu wa hapa, nyingine hazipo mahali pengine popote. Akanipa flashi.

"Kerubo, hii ni programu ya kusafisha picha. Bonyeza tu."

"Umeitoa wapi?"

"Kwa rafiki wa Kisii mjini."

"Na yeye?"

"Aah! Wewe dada ni polisi?"

Faili lilikuwa na jina la programu ninayoijua. Sikulifungua. Nilitafuta sahihi ya mtengenezaji, haikuwepo. Nikalipeleka kwenye tovuti inayopima faili kwa dawa nyingi za virusi kwa pamoja. Hata zingenyamaza zote, ningepakua programu kwa watengenezaji wenyewe. Hazikunyamaza: nyingi zilisema lina virusi.

Vijana wetu wangekuwa wameshabonyeza "Kubali" kwa kila kitu kabla chai haijapoa, halafu walie simu imekufa.

"Yaani bado unaniogopa?" Ombati akacheka.

"Ndiyo."

Nikalifuta akiona. Hakucheka tena. Alichukua flashi yake akatoka bila kuaga.

Enzi zetu aliyekuletea kitu alisimama pale ukimwuliza. Siku hizi vitu vinaingia vyenyewe, na watu wanaona haya kuuliza. Mimi sioni haya tena.