Simu Iliyonigomea Siku ya Posa ya Rehema

Jamani, hii niliapa sitaisimulia kwa mtu, lakini kwa kuwa ile video imeshazunguka Durban nzima na kuna watu Overport wananiita "Shangazi" ambao hata siwajui, acheni niiseme mwenyewe kabla hamjaisikia kwa watu wa kuongeza chumvi. Ndiyo, ni mimi. Yule mwanamke mwenye aproni ya saluni na kitana kimechomekwa kichwani, anayepiga vigelegele katikati ya wanakwaya kama kalipwa, ni mimi mtu mzima na akili zangu.

Mnajua nasuka nywele pale Greyville, kwenye saluni ya Mama Bea, Mkongo mmoja mwenye roho nzuri na mdomo usiopumzika. Na mnajua kwetu ni Ujiji, Kigoma. Sasa Jumamosi hiyo wageni walikuwa wanakuja nyumbani kwa kaka yangu Hamisi kupokea jibu la posa ya binti yake, Rehema, na kwetu sisi posa haijibiwi mpaka shangazi aseme. Shangazi ni mmoja tu, mimi, na niko huku, kwa hiyo ilipangwa simu iwekwe katikati ya mkeka niseme kwa video, wazee wanisikie na wanione.

Tena si kusema ndiyo tu. Rehema alikuwa amenipigia wiki ile kwa sauti ya chini, amejificha uani, akaniomba niweke sharti mbele ya wageni kwamba atamaliza kwanza chuo cha uuguzi. Baba yake anaona haya kuwawekea wageni masharti, mama yake hapewi nafasi ya kusema, ila shangazi akishatamka mbele ya watu hakuna wa kupinga. Akaniambia nisiposema mimi, chuo ndiyo basi. Nikamwambia mwanangu lala usingizi, nitasema mpaka majirani wasikie.

Tatizo lilikuwa simu. Ilikuwa imejaa mpaka shingoni, mitindo ya nywele, maua ya "asubuhi njema" ya shoga zangu, basi ukipiga video mtu anaganda. Jumapili iliyotangulia kaka aliganda mdomo wazi, nikabaki natazama koromeo lake muda mrefu tu. Nikasema siku ya posa sitaki kugandishwa mimi. Na hapo ndipo nilipojiletea balaa kwa mikono yangu miwili, maana nilikuwa nimeona kwenye mtandao kwamba ukibonyeza kitufe cha kuwashia na cha sauti kwa pamoja unaweza kufuta kila kitu simu ikaanza upya. Asubuhi ile ile ya posa (siyo Ijumaa, siyo Alhamisi, asubuhi ile ile!), mteja yuko kwenye kiti, nusu ya kichwa imesukwa na nusu imesimama, mimi nikabonyeza.

Ikazima, ikawaka, nyeupe, safi, inanikaribisha kwa lugha zote za dunia. Nilifurahi nikamwonyesha Mama Bea, nikamwambia tazama, kama imetoka dukani leo. Halafu ikaniambia nithibitishe kwamba simu ni yangu, niweke barua pepe iliyokuwamo mwanzo na neno lake la siri.

Barua pepe? Mimi? Simu ile nilinunua kwa Papa Trezo, Mkongo mwenye kibanda cha simu mtaa wetu, na mnajua sisi wageni tunavyonunua simu: unakaa kwenye stuli, unakunywa soda, yeye anabonyezabonyeza, anakukabidhi inaita. Nani aliwahi kumuuliza kaweka nini ndani? Nikajaza jina langu, ikakataa. Nikajaza jina la marehemu mume wangu, ikakataa, nikaona hata yeye kanisusia.

Mama Bea akanipa simu yake nimpigie kaka, nikaishika nikabaki kama sanamu, kwa sababu namba ya kaka siijui. Siku hizi nani anajua namba ya mtu kwa kichwa? Kila mtu wangu alikuwa mle ndani, na mle ndani nimefungiwa nje. Jasho likaanza kunitoka, maana Kigoma wako mbele yetu saa nzima na wageni walishakaribia kufika.

Mbio hadi kibandani kwa Trezo: kufuli. Mama Bea akasema Jumamosi Trezo yuko Sydenham kanisani, anapiga gitaa kwenye mazoezi ya kwaya. Nikavua ndala nikavaa viatu, mteja wangu naye akainuka. Ni dada wa Kizulu, mpole kabisa, lakini akasema hawezi kuachwa na nusu kichwa na mtu anayekimbia namna ile, nikienda anakwenda. Tukapanda taksi wawili, abiria wanamtazama yeye nywele, wananitazama mimi machozi, na kila robot, yaani taa ya barabarani, tunayoifikia inakuwa nyekundu makusudi.

Kanisani mlango ulikuwa wazi, kwaya imepamba moto, nami (Mwislamu wa Ujiji, sijawahi hata siku moja kukanyaga mle) nikaingia katikati ya wimbo nikimwita Trezo kwa jina. Muziki ukakatika. Nikamweleza yote kwa pumzi moja, posa, chuo, vitufe, na wanakwaya wote wanasikiliza kwa huruma, mpaka Trezo alipoinamisha kichwa na kusema polepole:

"Dada, ile compte si ya kwako. Ni ya boutique. Niliwekaka ba-clients bote mule." Yaani akaunti ni ya kibanda, na wateja wote kawaweka humo.

Mama mmoja wa sauti ya kwanza akauliza, "Na mimi?"

"Na weye."

"Na Pasta?"

Trezo akaanza kukaza nyuzi za gitaa ambazo hazikuwa zimelegea. Zogo lililofuata sitalieleza, ila nilipiga kelele kuliko wote kwamba wamsulubu baadaye, kwanza anifungulie simu. Akaandika, akanigawia intaneti ya kwake, na simu ikafunguka! Niliruka, nakwambieni, niliruka nikamkumbatia yule mteja wangu na nusu kichwa chake.

Majina yakaanza kumiminika. Zamani Trezo alikuwa amezima kwangu hayo mambo ya kuvuta namba kutoka kwenye akaunti ili nisiliwe bando, sasa simu ilipoanza upya ikavuta kila kitu, namba za wateja wote wa kibanda kile: Mama, Mama, Mama tena, Mama wa Uvira, Chéri (yaani mpenzi), Chéri wa Kweli. Mimi kaka yangu nilikuwa nimemwandika "Kaka" tu. Humo makaka walikuwa wengi, lakini nikaona mmoja, "Kaka Kigoma." Moyo ukanilipuka. Nikasema huyu ndiye, Kigoma kuna kaka wangapi? (Msinijibu.)

Nilitaka kutoka nje nikapige, wale mama wa kwaya wakakataa. Wakasema huwezi kujibu posa peke yako kama yatima, leo sisi ni ukoo wako. Basi wakajipanga nyuma yangu na majoho yao, mteja wangu kati, Trezo na gitaa pembeni, na kijana mmoja wa besi, Mungu anamwona, akaanza kurekodi.

Nikapiga. Wakapokea. Picha ilikuwa na ukungu lakini niliona nilichotarajia: mkeka, wazee wa kanzu na kofia, wanawake nyuma wamejitanda khanga, wote wametulia kimya kwa heshima. Nikasema masikini, wananisubiri mimi. Aliyeshika simu akaanza kusema kitu, nikamzidi kwa kigelegele, na ukoo wangu wa dakika tano ukakipokea, kigelegele cha Kikongo, kile cha kutikisa madirisha. Huku juu ya kioo kuna namba isiyo na jina inanipigia, naikata. Inapiga tena, naikata, nawaza ni watu gani hawa wasio na adabu wanaopiga siku ya posa. Nikasimama wima nikasema:

"Mimi ndiye shangazi yake. Tumeridhika, mchukueni kwa furaha. Lakini nina sharti moja, na nalisema mbele ya wote: msimweke ndani. Jumatatu mrudisheni darasani, mpaka amalize!"

Nikafikiri wameganda. Kisha mzee mmoja akasogea karibu na kamera, akanitazama kwa upole mkubwa.

"Mama," akasema, "tumeshamzika jana."

Sikuelewa. Nikamuuliza mmemzika nani, akasema wamemzika bibi yao, na kwamba bibi alikuwa anakaribia miaka mia, sasa mimi shangazi yake nina miaka mingapi? Nyuma yangu kigelegele kimoja kilichochelewa kilikuwa bado kinaendelea, kikafa polepole chenyewe. Nilitamani ardhi ya Sydenham ipasuke. Nilianza kuomba radhi kwa Kiswahili, kwa Kiingereza, kwa Kifaransa cha Mama Bea, nikasema namba si zangu, simu si yangu, barua pepe si yangu, nikajisikia mwenyewe kwamba naongea kama mwizi.

Aliyeniokoa ni yule mama wa sauti ya kwanza. Alichukua simu mkononi mwangu akawapa pole, akawaambia sisi ni watu wa mbali, tumekosea, na akaanzisha wimbo wa kufariji, taratibu, bila ngoma. Wenzake wakaingia. Wale wazee wa mkekani wakasikiliza mpaka mwisho, mzee akasema ahsanteni, akaniombea hata na mimi Mungu anifungulie mambo yangu. Nilivyokuwa najisikia, dua ile niliihitaji.

Simu ilipokatika tu, ile namba isiyo na jina ikapiga tena. Safari hii nikapokea, na kwenye kioo nikamwona Rehema, amejitanda mtandio wa sherehe, macho mekundu. Kumbe ni namba ya kaka yangu, jina lake lilifutika asubuhi pamoja na vitu vyangu vyote. Nilikuwa namkatia simu kaka yangu wa tumbo moja, mara kwa mara, mbele ya wageni wake, ili nizungumze na msiba wa watu.

"Shangazi, tulikupigia mpaka baba akasema umetutupa," akaniambia.

Nikamuuliza wageni wako wapi. Wanakula, akasema, wameshajibiwa. Nikakaa chini kwenye sakafu ya kanisa. Nikamuuliza nani amejibu.

"Waliuliza shangazi anasemaje. Nikatoka chumbani nikasema mwenyewe."

Kwetu binti hatoki siku hiyo. Hakohoi hata, wageni wasije wakajua yuko chumba gani. Nikamwuliza kwa woga, wakasemaje?

"Babu wa mchumba akaniuliza chuo kinaisha lini. Nikamwambia. Akasema basi harusi ipangwe baada ya hapo. Nilitetemeka, Shangazi, lakini nilisema."

Nililia pale pale, nililia kwa aibu na kwa furaha vyote pamoja, kwaya nayo bila kuuliza ikapiga vigelegele upya, na safari hii vilifika vinakotakiwa.

Kichwa cha mteja nilikimalizia jioni. Akaunti yangu sasa ninayo mwenyewe, jina langu na neno la siri nalijua mimi peke yangu, na nimeapa sitabonyeza vitufe viwili kwa pamoja maisha yangu yote yaliyobaki. Kaka Hamisi bado amenuna, anasema binti yake kujisemea mbele ya wageni ni aibu niliyomletea mimi na simu yangu. Aibu hiyo naipokea, pamoja na ile ya video. Ila usiku nikilala huwa nafikiri: simu ingefunguka mapema ningesema mimi vizuri sana, wazee wangenisifu, na Rehema angebaki nyuma ya mlango akisikiliza.