Barakoa Zenye Mlango

Mwaka wa korona, Lodwar nzima iligeuka soko la vitunguu. Serikali ilikuwa imetangaza kwamba wauza chakula waendelee na kazi na wengine wapunguze pilikapilika, na haikuchukua muda kabla ya kila duka kuwa la chakula. Muuza misumari aliweka gunia la vitunguu mlangoni. Mtengeneza simu akaweka sahani ya vitunguu juu ya kioo chake, na maafisa wakipita anawaambia simu ni kazi ya kando tu. Mimi fundi wa nguo nikatundika vitunguu mahali pa kutundika magauni, na hata leo kuna kitambaa dukani kwangu kinachonuka kachumbari.

Vitunguu havikunisaidia kitu. Kazi yangu ilikuwa sare za shule, na shule zilikuwa zimefungwa. Nikabaki na magauni ya harusi, na harusi nazo zikapigwa marufuku, isipokuwa zile za watu wachache wasiohitaji gauni jipya. Nilikaa nyuma ya cherehani nikisukuma gurudumu kwa mkono ili lisishike kutu, na wapita njia wakadhani nina kazi.

Cherehani yenyewe haikuwa yangu bado. Mimi na mwenzangu tulikuwa tumechukua mashine mbili za umeme kwa mzee mmoja wa Kitale, tulipe kidogokidogo. Mwenzangu huyo ni mama Mkongo, mkimbizi, mwenye kibanda cha kushona vitenge kule Kakuma. Tulijuana tukigombania vifungo kwa muuzaji mmoja, na tangu siku hiyo hatujaachana. Mishono yake ni safi kuliko yangu, jambo ambalo sijawahi kumwambia na sina mpango wa kumwambia. Mzee wa Kitale alikuwa ametuunganisha: mmoja akishindwa, mashine zote mbili zinarudi. Sasa kambi ilikuwa imefungwa, mtu haingii wala hatoki, na mzee alikuwa amepiga simu kusema kwamba lori lake la mzigo lina ruhusa ya kupita vizuizi, na likija kuleta mahindi halitarudi tupu. Fundi bila mashine ni mtu tu mwenye tepu shingoni. Niliogopa sana, na nikiogopa huwa ninagombana na watu, kwa hiyo majirani walinikwepa hata kabla ya kuambiwa wakae mbali.

Kila jioni nilisikiliza redio nikingoja serikali iniokoe. Ikapunguza kodi ya mishahara. Nikautafuta mshahara wangu, sikuuona. Ikaziambia benki ziwavumilie wenye mikopo. Mzee wa Kitale hakuwa benki, na nilipomsomea tangazo lile kwa simu alicheka mpaka akakohoa, kisha akaniomba radhi kwa kukohoa, maana siku hizo kikohozi kilikuwa jambo la aibu. Ikaondoa ada ya kutuma pesa ndogo kwa simu, na hiyo nakiri ilinifaa, kwa sababu mimi na mwenzangu hatukuwahi kuwa na pesa kubwa. Tulitumiana pesa za uzi na mpira vipande vipande, simu zikilia kutwa kama kuku aliyetaga.

Halafu kaunti ikatangaza jambo lililonifanya nishushe vitunguu. Ilitaka barakoa nyingi za kugawia watu vijijini, na badala ya kuagiza kiwandani mbali huko, ingenunua kwa mafundi wadogo wa hapa hapa, na mafundi hao walipwe kwanza kabla ya watu wote. Niliposikia hivyo nilisimama. Mtu mwenye njaa ya kazi usimpe pole, mpe kazi. Nikaenda kuomba, nikapewa fungu ambalo peke yangu nisingelimaliza, na nikakubali bila kupepesa macho kwa sababu nilijua Kakuma kuna mikono.

Sasa nje ya duka langu alikaa mama mzee mmoja, shanga zimemjaa shingoni hadi kidevuni, anauza tumbaku ya kutafuna na magadi ya kuchanganyia. Yeye ndiye aliyekuwa mkaguzi wangu wa kwanza. Nilimvika barakoa ya mfano, tabaka tatu, imenyooka kama kola ya padre. Akakaa nayo kidogo, kisha akaivuta chini.

"Ejok," akasema. "Ni nzuri. Sasa mimi natema wapi?"

"Usiteme, mama. Kuna ugonjwa."

"Tumbaku iko ndani ya mdomo. Nameza? Unataka mimi nakufa na tumbaku badala ya korona?" Akawageukia wateja wake, ambao hawakuwepo. "Serikali ikifunga mdomo ya watu yote, nani ananunua kitu yangu?"

Hapo nikaona kwamba huyu naye ni biashara inayozama, na hakuna redio iliyomtaja. Kwa utundu tu nikachukua barakoa nyingine, nikakata mlango mdogo mbele, nikaufunika na kipande cha kitambaa chenye kifungo. Unafungua, unatia tumbaku, unafunga. Unafungua, unatema, unafunga. Mama mzee aliivaa akafungua na kufunga huo mlango mchana kutwa kama mtoto aliyepewa filimbi. Wazee wenzake walikuja kuutazama. Wote walitaka mlango. Nikawashonea wachache kwa mabaki ya vitambaa, na siku hizo mbili tatu mama mzee aliuza tumbaku kuliko wakati wowote tangu ugonjwa uingie nchini.

Dereva mmoja wa lori la unga alipokuwa anaelekea Kakuma, nilikuwa nimemfungia mwenzangu vitambaa vya kaunti pamoja na barakoa moja ya mfano. Nikaingia ndani kumtafutia dereva maji. Mama mzee, kwa moyo wake mwema, akafungua ule mzigo, akautazama ule mfano, akauona haufai. Akautoa, akaweka wa mlango.

Mimi sikujua. Nilishona fungu langu, mwenzangu akashona lake, na marobota yake yalipofika kwa lori niliyapeleka moja kwa moja kwenye stoo ya kaunti pamoja na yangu, nikiwa nimevaa gauni la kanisani. Afisa aliyekuwa akikagua alikuwa kijana nadhifu, mtu wa hapa hapa, mwenye Kiingereza kingi. Akafungua yangu, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Akafungua ya Kakuma. Akaingiza kidole. Kidole kikatokea upande wa pili.

"Mama," akasema taratibu, "hii ni nini?"

Nilitazama kile kidole. Nilitamani kucheka na nilitamani kufa, na sijui ni kipi kilikuwa karibu zaidi.

"Ni mlango, mkubwa. Lakini umefungwa."

"Barakoa haina mlango."

"Hii inao."

Akachungulia robota zima. Milango mitupu, kila mmoja na kifungo chake kimeshonwa kwa uzi maradufu, kazi safi ajabu. Akasema hawezi kupokea kitu kama hicho, na fundi atakayeshindwa kuleta zilizo sawa kabla ya kafyu, oda yake yote itapewa mwingine.

Nikampigia mwenzangu pale pale uwanjani, nikafoka. Akaningoja nimalize.

"Dada," akasema, "miye niliona ule mulango na kifungo, nikasema, ah, serikali ya Kenya inapenda batu yake. Inajua batu banakula. Nikaiombea na baraka kabisa."

Unamgombeza vipi mtu aliyeiombea serikali? Nilikata simu, nikarudi dukani na marobota, nikaanza kuiziba milango mmoja baada ya mwingine, mshono mmoja wa haraka kuzunguka pande zote. Mama mzee alikuja akasimama kizingitini. Alipoona ninachofanya alinifokea kwa Kiturkana kwa muda mrefu, na maneno mengine nilishukuru kwamba siyajui. Kisha akaketi, akawa ananikatia nyuzi kwa yale meno yake ya kahawia. Iliniuma kufunga ile milango mbele yake. Tulifika stoo kafyu ikikaribia, afisa akaingiza kidole, kidole kikakwama, akapokea.

Sasa likabaki neno dogo la malipo. Sera ilisema mafundi wadogo walipwe kwanza. Ilikuwa sera nzuri, na naisifu mpaka leo. Tatizo ni kwamba sera haina miguu. Nilikwenda ofisini nikaambiwa karatasi iko juu. Nikauliza juu wapi, maana ile ofisi haina ghorofa. Nikaambiwa nirudi. Nikarudi mpaka askari wa getini akawa ananipulizia dawa ya mikono kabla sijaomba. Barakoa zilikuwa zimeshagawiwa hadi Kalokol na Lokichoggio, watu wanazivaa, na mimi aliyezishona nilikuwa ninakopa unga.

Habari za vijijini zilinifikia kwa wateja wa tumbaku. Wazee walipokea barakoa za serikali kwa heshima, wakazigeuzageuza, wakauona mshono wangu wa haraka, na wakatambua kwamba pale palikuwa na mlango. Wanaume wakatoa visu vyao vya mkononi, vile vinavyovaliwa kama bangili, wakaifungua milango. Nilifurahi vibaya sana. Kisha nikakumbuka kwamba sijalipwa, nikanuna.

Lori la Kitale lilikuja mchana, jua la kuchemsha ubongo. Mzee mwenyewe alikuwamo. Si mtu mbaya. Alinisalimia, akaniuliza habari ya watoto, akasema, "Mama, pole sana, na mimi nimekopa," kisha vijana wake wakaifunga cherehani yangu kamba na kuipandisha juu. Akasema akitoka hapa anapanda Kakuma kuchukua ile nyingine, halafu Lokichoggio kupakua mahindi. Nilisimama na tepu shingoni. Sikuweza hata kugombana.

Ndipo afisa nadhifu akatokea. Hakuja na gari la kaunti, alikuja kwa miguu, akitazama nyuma. Akaingia dukani akasimama karibu na ukuta.

"Mama, kuna jambo. Si la ofisi."

"Sema, mkubwa."

"Ni mama yangu. Anakaa huko karibu na Longech. Alipata moja ya zile zenu. Ile... iliyofunguka."

"Haikufunguka. Ilifunguliwa."

"Basi. Mbuzi ameila. Na sasa mama amekataa kabisa kuvaa zingine, anatembea uso wazi, anapiga watu stori sokoni, na kifua chake si kizuri." Sauti yake ikashuka, na Kiingereza chote kikamtoka. "Naogopa, mama. Nishonee moja. Hata mbili."

Nilimwonea huruma, kweli. Nami nilikuwa na mama. Lakini huruma haikunizuia kumwonyesha mlangoni.

"Unaliona lile lori? Unaiona ile iliyofungwa kamba? Hiyo ndiyo inayoshona milango. Nilikuwa nimengoja ile pesa yenu ya walipwe kwanza. Nenda ukamwambie mama yako karatasi iko juu."

Alilitazama lori. Akautazama mfuko wangu wa vitambaa. Akatoka nje kivulini, akapiga simu, na sikusikia yote, ila nilisikia neno "leo" likirudiwa kwa ukali ambao sikumdhania. Mzee wa Kitale akatazama saa. Nikamletea chai polepole, nikatafuta sukari polepole zaidi, nikamuuliza habari za kila mtu wa Kitale. Mama mzee akamletea tumbaku ya bure, na yeye hajawahi kumpa mtu kitu bure. Kikombe cha pili kilikuwa hakijaisha simu yangu ilipolia. Nilisoma ule ujumbe wa pesa ya kaunti, nikampa mama mzee aushike ingawa hajui kusoma, nikausoma tena. Kisha nikamlipa mzee deni la mashine yangu na ya mwenzangu mbele ya mashahidi wote, na vijana wakafungua kamba.

Afisa nilimshonea barakoa mbili, na nikamtoza bei kamili.

Nilijaribu kumpigia mwenzangu kumwambia awe na amani, simu yake haikupatikana, chaji ya kambini ikiwa shida ile ile ya siku zote. Lori likaondoka kuelekea Lokichoggio, na njia hiyo inapita Kakuma. Jioni akanipigia mwenyewe. Pumzi zilikuwa zinamtoka mbio.

"Dada, lori imepita. Nililiona mbali, nikajua ndiyo mwisho. Imepiga honi tu. Yule muzee amenipungia mukono. Imepita!"

Nikamweleza. Nikasikia analia, nami nikalia, pale pale dukani, bila aibu. Tulipotulia nikamwambia awashe mashine yake, kuna oda nyingine, wazee wa Longech wanataka milango.

"Ngoja kwanza," akasema. "Nilipoona lori niliifungua vipande vipande, nikaificha kwa majirani. Kichwa iko kwa Basomali, meza iko kwa pasta. Lakini mota, dada, mota nilimupa nani?"