Kunyamaza Mbele ya Mama Mkwe

Nilifungwa miezi mitatu kwa wizi wa ng'ombe ambaye sikumwiba, na kilichonifunga ni kunyamaza kwangu. Nasema mapema, maana wajukuu zangu nikisimulia nikaenda kando kidogo hudhani nimesahau nilikoanzia.

Vita vya Wazungu vilikuwa vimekwisha. Serikali ilikuwa ikihesabu ng'ombe wetu Usukumani, ikisema wamezidi majani, na kila mji, yaani kila kaya, ulitakiwa kutoa wachache wapelekwe mnadani. Mimi nilikuwa na dume mmoja mweusi. Huyo nilimpata kwa jasho la mgodi wa dhahabu kule Geita, miaka miwili chini ya ardhi, na huko ndiko nilikookota hiki Kiswahili changu, kwa Wanyamwezi na Wamanyema, pamoja na matusi yao, ila hayo tuyaache. Alfajiri moja nikamswaga dume wangu hadi kwa rafiki yangu ng'ambo ya mto ili asihesabiwe. Lilikuwa kosa, nakiri. Basi usiku ule ule wa kuamkia alfajiri hiyo jirani yetu alikuwa ameibiwa dume wake, mwekundu.

Njia ya mtoni ilipita nyuma ya mji wa mama mkwe. Baraza la mtemi lilipokaa, shahidi akawa yeye. Alisema alimwona mkwewe alfajiri akimswaga ng'ombe wa jirani, yule mwekundu, anamfahamu. Hakusema uongo. Ndivyo alivyoona. Macho yake yalikuwa yameanza kufifia, na aliyejua ni mke wangu tu, naye akaniambia mimi. Siku moja mama yake alimwita mbuzi akidhani ni mjukuu, akamgombeza kwa kutoitikia.

Sasa kwetu mwanamume hapishani na mama mkwe njiani. Unaingia majanini mpaka apite. Huli mbele yake. Halafu usimame mbele ya banamhala, wale wazee wa baraza, useme huyu mama haoni? Wazee waliniuliza mara tatu, nami nikatazama chini. Nadhani walinielewa, ndiyo maana wakanipa miezi mitatu tu ya kulima barabara. Lakini karani aliandika kitabuni kwamba mshtakiwa hana la kujibu, na kitabu hakina habari za wakwe.

Kitabu kile kilipelekwa bomani Shinyanga. Bwana Shauri, mkuu wa wilaya, alikuwa na kawaida ya kupitia hukumu za mabaraza. Mwezi wangu wa pili ukiwa katikati, karani alinijia barabarani, akamwomba askari nisogee kando. Akanieleza kwamba Bwana Shauri ameiona adhabu yangu ni ndogo, wizi wa ng'ombe umezidi, na anafikiria kuifanya miaka miwili, jela kubwa. Jembe lilinitoka mkononi.

"Ila hawezi kukuongezea bila kukuita," karani alisema. "Ndiyo sheria yao. Lazima akusikilize kwanza. Basi ukiulizwa, sema. Ukinyamaza kule hakuna mzee wa kukuelewa."

Mfungwa mwenzangu, mtu wa mzaha, alinipongeza. Alisema jela kubwa imejaa wakwe wenye adabu, nitapata wa kuongea nao.

Mke wangu alipoleta chakula nilimweleza. Alikuwa na mimba.

"Sema mama haoni," aliniambia. "Mimi mwanawe nimekuruhusu."

"Ruhusa hiyo umeipata wapi wewe?"

Alikusanya vyombo, akaenda zake.

Siku ikafika. Nilitembezwa mpaka bomani, nikaingizwa chumbani, na mtu wa kwanza kumwona, amekaa kwenye benchi, ni mama mkwe. Bwana Shauri aliagiza shahidi naye aje. Nikainamisha kichwa. Mkalimani akasoma yaliyoandikwa, kisha akanifasiria swali la Bwana: nina sababu gani nisiongezewe adhabu? Nilikuwa na sababu kinywani, imekaa kama jiwe. Bwana akauliza tena. Nikaona anachovya kalamu. Mkalimani akanisogelea, akaniambia kwa Kisukuma, polepole, kwamba swali halitaulizwa mara ya tatu.

Mama mkwe akasimama. Askari akamwambia akae. Hakukaa.

"Mwambie Bwana mimi nitoke," alimwambia mkalimani. "Nikiwa humu huyu hatasema mpaka afungwe. Mkwe hajibizani na mama mkwe. Kama anataka kumsikia, anitoe."

Mkalimani akafasiri, na kwa jinsi alivyorefusha nikajua anaeleza na mila. Bwana Shauri alinitazama, akamtazama yule mama, akaweka kalamu chini. Akasema atoke.

Basi nikasema. Nilisema habari za dume mweusi, na rafiki wa ng'ambo ya mto, na jinsi nilivyokwepa kuhesabiwa, ingawa nilijua najitwika kosa jingine. Nilipofika kwenye macho nikashusha sauti, kwa kuwa dirisha lilikuwa wazi na kivuli cha mama mkwe nilikiona pale chini yake, amekaa kwenye ngazi.

"Sema kwa sauti," Bwana alisema, kwa Kiswahili, bila mkalimani.

"Mama mkwe wangu haoni vizuri," nikasema kwa sauti. Kivuli hakikutikisika.

Bwana Shauri hakuniongezea hata siku moja. Aliamuru baraza liisikilize kesi upya na ng'ombe aletwe. Wiki iliyofuata tarishi akamleta dume kutoka ng'ambo ya mto. Jirani akamzunguka, akasema huyu si wake. Mama mkwe alitembea mpaka karibu kabisa, akamshika pembe, akawaambia wazee, kabla hajaulizwa, kwamba hawezi kusema ni wa rangi gani, na kwamba siku ile vilevile hakuweza.

Wakaniondolea kosa la wizi, nikaachiwa. Lile la kuficha likabaki, na dume wangu akapelekwa mnadani mchana ule ule. Nilimfuata mpaka kwenye uzio. Mke wangu alinikuta pale, akaniuliza kama ninalia kwa ajili ya ng'ombe. Nikamwambia ndiyo, ng'ombe.